Kitungi Kisichopungua

Mkwe wa Mzee Shwari alirudi nyumbani saa sita mchana, na saa sita mchana si saa ya fundi kurudi nyumbani. Alikuwa amevaa nguo za kawaida, ovaroli ya kazini ameikunja ndani ya mfuko wa plastiki. Alimwamkia baba mkwe wake kwa adabu kama siku zote, akapita hadi jikoni, akaanza kuosha sahani ambazo zilikuwa zimeshaoshwa asubuhi. Mzee Shwari alikuwa sebuleni na redio yake, kwa kuwa basi lake lilikuwa limelazwa karakana tangu Jumatatu. Akapunguza sauti ya redio. Mtu akiosha vyombo safi ana lake jambo.

Hakumuuliza mwenyewe. Baba mkwe na mkwe wana mipaka yao, na mzee huyu aliijua mipaka kuliko alama za barabarani. Alimtuma mkewe. Mkewe akaenda, akakaa huko jikoni muda mrefu, akarudi na kusema bila kupamba kwamba mtoto wa watu amesimamishwa kazi. Ni lile basi Kumi na Nne. Betri imekufa, na wanasema yeye ndiye aliyeiua. Ijumaa kuna kikao, na akishindwa kujieleza atafukuzwa.

Mzee Shwari aliposikia Kumi na Nne, alizima redio kabisa. Kumi na Nne lilikuwa basi lake. Si kwamba alilinunua, ila madereva wenzake walikuwa wanaomba ruhusa hata kukalia kiti chake. Alikuwa ameendesha mabasi ya abiria miaka thelathini na moja bila kumgonga mtu, bila kumgonga mbuzi, na ndiyo maana akaitwa Shwari. Kampuni ilipoleta mabasi ya umeme, wazee wenzake walijificha nyuma ya migongo ya vijana. Yeye alikuwa wa kwanza kuinua mkono. Na mwanawe alipomwoa binti aliyekuwa fundi wa betri katika karakana hiyohiyo, mzee alivimba kichwa hadi kofia ikambana. Akisimama kituoni huwaambia abiria, hata wasiouliza, kwamba hapo chini ya miguu yao kuna betri kubwa kuliko kitanda, na anayeipoza ni mkwe wake. Wenzake wakamtania binti huyo kwa jina la Fundi Baridi, na jina likamkaa.

Sasa Fundi Baridi alikuwa jikoni akisugua sahani safi, na mama mkwe wake alikuwa akieleza kosa lenyewe kama alivyolielewa.

Betri ya basi ikifanya kazi hupata joto. Katikati ya masanduku yake kuna bamba za alumini zenye vifereji vyembamba, na ndani ya vifereji hivyo hupita dawa ya bluu inayobeba joto na kulipeleka nje. Nyuma ya basi, ukifungua kifuniko kidogo, kuna kitungi cha plastiki kinachoonyesha dawa imefika wapi: mstari wa juu, mstari wa chini. Kila mwezi Fundi Baridi alikikagua na kuandika kwenye kadi. Kadi tano za miezi mitano zilisema jambo moja: kitungi kimejaa, hakuna kuvuja. Na sasa betri ilipofunguliwa, bamba zimeliwa, vifereji vimeziba, na kiungio kimoja cha mpira kinadondosha, tena kwa alama zake kimekuwa kikidondosha miezi mingi.

Kama kilikuwa kinadondosha, kitungi kilijaaje? Mkaguzi aliyetumwa kutoka makao makuu alikuwa na jibu moja tu. Hakikujaa. Fundi alikuwa anajaza kadi akiwa amekaa kitini. Alilisema hilo mbele ya mafundi wote, akizipigapiga zile kadi kwenye kiganja, kisha akamuuliza kama angependa aletewe na mto wa kuegemea. Watu wawili watatu walicheka. Binti akatazama sakafu, na aliyeamini aliamini.

"Kwa hiyo hakuangalia?" mke wa Mzee Shwari aliuliza, maana alikuwa mwanamke wa kuuliza.

Mzee Shwari aliutazama mlango wa jikoni. Alijua kwamba binti aliangalia. Alijua kwamba kila mwezi alikuta kitungi kimejaa, kwa sababu aliyekijaza alikuwa yeye.

Alikijaza kwa mkono wake, tena kwa mapenzi. Kule mwisho wa safari, mabasi yanapogeuzia, kuna kisima. Miaka mingi ya magari ya dizeli ilimfundisha kwamba dereva wa maana hatembei bila chupa ya maji, na hamsumbui fundi kwa jambo la nusu lita. Siku moja alifungua kile kifuniko kwa kuchungulia tu, akaona dawa imeshuka kidogo chini ya mstari. Basi lilikuwa limeshapoa, akaongeza maji. Siku mbili baadaye akaongeza tena. Kwenye mafunzo ya mabasi mapya waliambiwa wasifungue chochote, na yeye alikaa mstari wa mbele akatikisa kichwa kuliko wote. Lakini mzoea punda hapandi farasi, na huyu alipandishwa farasi akaendelea kumtwika magunia. Halafu kulikuwa na jambo jingine, ambalo hakumwambia mtu. Hakutaka isemwe kwamba basi linalotunzwa na mkwe wake linavuja. Baba mkwe gani humshtaki mkwe wake kwa nusu lita ya maji?

Basi alijaza. Miezi mitano alimsaidia hivyo mkwe wake, na msaada huo sasa ulikuwa unamfukuzisha kazi.

Siku hiyo hakusema. Alitoka kwenda kunyoosha miguu, akainyoosha hadi mtaa wa tatu, akarudi. Alijiambia kwamba pengine maji hayana kosa, maji ni maji. Alijiambia kwamba wakubwa wataona wenyewe. Ukweli ni kwamba aliogopa. Alikuwa amebakiza miezi minne astaafu, na alikuwa ameshaipanga siku yenyewe kichwani: hotuba ya meneja, cheti chenye fremu, na neno lile, miaka thelathini na moja bila doa.

* * *

Alhamisi alasiri alimkuta mwanawe chumba cha mbele, kwenye cherehani. Kijana alikuwa akishona suruali za shule na mguu wake ulikuwa unakanyaga kwa hasira. Alimwambia baba yake kwamba mkewe hali chakula, na kwamba kila akimuuliza anajibu yataisha. Kisha akasimamisha mashine.

"Baba, mke wangu hasaini asichokiona," alisema. "Mimi mwenyewe nikimshonea gauni huligeuza ndani kwanza atazame mishono. Mimi, mume wake. Sasa atasaini kitungi?"

Mzee Shwari akasema anaelewa. Alielewa kuliko mwanawe alivyodhani, na suruali zile zikamwia ngumu kuzitazama. Akapita hadi uani.

Mkwe wake alikuwa anaanua nguo. Mzee alijikohoza ili asimshtue, akashika upande mmoja wa shuka, wakalikunja pamoja. Walipokutana katikati, ncha kwa ncha, akaanza.

"Mwanangu, ile dawa ya bluu ya kwenye basi langu."

"Najua, baba," alisema.

Alimwambia taratibu, macho kwenye shuka. Basi lilipovutwa hadi karakana siku ya Jumatatu, kabla mtu hajagusa kitu, yeye alichota dawa kidogo kwenye kitungi na kuitia kwenye chupa. Alitaka kujua kwa nini betri imekufa. Akapima, akakuta chumvi. Dawa ile haina chumvi, na chumvi ndiyo inayokula alumini na kupitisha umeme pasipotakiwa. Maji ya bomba la karakana nayo hayana chumvi. Akafikiria basi hilo hulala wapi, hupita wapi, hupumzika wapi. Kisima cha kule mwisho ni cha maji ya chumvi, kila dereva anakilaumu anaponawa uso. Na basi pekee linalokwenda njia ile kila siku ni Kumi na Nne.

"Hata rangi ilikuwa imepauka," aliongeza. "Niliiona mwezi jana, nikadhani ni jua limechubua plastiki. Hilo ni langu mimi. Ningepima siku ile tusingefika hapa."

"Ulijua tangu Jumatatu na hukusema?"

"Niseme nini, baba? Nimtaje nani?" Aliweka shuka kwenye beseni. "Kazi mimi nitapata nyingine. Wewe umebakiza miezi minne. Jina jingine utalipata wapi?"

Mzee Shwari alisema tu kwamba amesikia, akaingia ndani. Alikuwa na aibu, na aibu ile ilikuwa imechanganyika na fahari, na hakuna mchanganyiko mchungu kama huo. Binti wa watu, aliyeingia nyumba hii miaka miwili tu iliyopita, alikuwa ameamua kulibeba kosa lake na kunyamaza nalo. Aliosha sahani, akaanua nguo, akamwamkia kila asubuhi, na wala hakumtazama kwa jicho la lawama hata mara moja.

Alimkuta mkewe chumbani, akamweleza yote, kuanzia nusu lita ya kwanza. Mkewe alimsikiliza hadi mwisho, na hiyo si kawaida yake. Kisha akasema kwa sauti ya chini, "Miaka thelathini na moja hukugonga mtu. Umekuja kumgonga wa ndani ya nyumba yako."

Akainuka, akatoa sare ya mumewe kabatini, akachomeka pasi. Hakumwambia aende kwenye kikao. Alinyoosha shati, akanyoosha suruali, akaitundika sare mlangoni mahali ambapo mtu asingeweza kutoka chumbani bila kuigusa.

* * *

Ijumaa aliondoka na basi la kwanza. Alipofika karakana saa tatu, mlinzi wa getini alimwambia kwamba madereva hawahusiki na kikao. Alimjibu kwamba huyu anahusika, na mlinzi akamwona amevaa sare kamili, hadi kitufe cha shingoni, akafungua.

Chumba cha kikao kilikuwa na watu watatu. Meneja alikuwa kichwani mwa meza, mtu mnene mwenye huruma ambaye hakupenda ugomvi. Mkaguzi alikuwa upande mmoja na zile kadi tano mbele yake. Fundi Baridi alikuwa upande wa pili, mkoba mapajani, na alipomwona mzee akiingia alifumba macho kidogo.

Mzee Shwari hakukaa. Alisema kwamba kadi zote tano ni za kweli. Kitungi kilikuwa kimejaa kwa sababu yeye alikuwa anakijaza maji, miezi mitano, kila baada ya siku mbili, na kwa kufanya hivyo aliuficha uvujaji ambao fundi angeuona mwezi wa kwanza. Alisema hayo yote bila kusitasita, kama alivyoyapanga ndani ya basi. Alipomaliza alisubiri hasira.

Hasira haikuja. Mkaguzi alitabasamu.

"Mzee wangu, tunakuelewa," alisema. "Hata mimi nina mabinti. Mkwe akiwa na matatizo, mzazi anaumia. Lakini hii ni kazi."

Meneja naye akamwambia kwa upole kwamba rekodi yake wote wanaijua, na kwamba dereva wa miaka thelathini na moja hawezi kufanya ujinga wa namna hiyo. Akamshauri aende nyumbani akapumzike.

Hapo ndipo mzee alipoumia. Katika maisha yake yote neno lake halijawahi kukataliwa, na siku lilipokataliwa lilikuwa ndilo la kweli kuliko yote. Jina lake zuri, lile alilolilinda kama mboni ya jicho, ndilo lililokuwa linamzuia kuaminiwa. Walikuwa tayari kumwona mwongo mwenye huruma, ili binti abaki kuwa fundi mvivu.

"Hawezi kuufanya kwa nini?" aliuliza. "Nimeufanya kwa sababu hiyohiyo ya miaka thelathini na moja. Dereva mgeni angeogopa kufungua."

Alitoa chupa ya maji mfukoni mwa koti, akaiweka mezani. Alisema ni ya kisima cha kule mwisho, ameichota alfajiri hii. Kisha akamgeukia mkwe wake. Tangu aolewe hajawahi kumwamuru jambo, hata kumtuma maji ya kunywa.

"Mwanangu, toa chupa yako."

Binti hakusogea. Mkaguzi alimtazama mmoja, akamtazama mwingine, tabasamu likaanza kumtoka.

"Umenitunzia heshima yangu wiki nzima," mzee alisema. "Nashukuru. Sasa nipe niibebe mwenyewe."

Fundi Baridi alifungua mkoba. Alitoa ile chupa ya dawa na kipimo chake, akavipanga mezani, maana sasa alikuwa kazini. Alimkabidhi mkaguzi kipimo ili apime mwenyewe. Alimwomba aanze na dawa mpya ya kwenye pipa, kisha maji ya bomba, kisha maji ya kisima, kisha ile chupa ya kitungi. Sampuli mbili za kwanza zikaletwa kutoka karakana, mkaguzi akapima. Akafuta kipimo, akapima tena. Dawa mpya na bomba havikuonyesha chumvi ya kuhesabika. Kisima kilionyesha nyingi, na dawa ya kitungi ilikuwa imebeba chumvi ileile.

Kisha binti akaeleza, na Mzee Shwari akakaa kitini kwa mara ya kwanza ili amsikilize. Alieleza jinsi dawa inavyopungua pole kwenye kiungio kilichochoka, jinsi kila nusu lita ilivyoingiza chumvi mpya, jinsi bamba zilivyoanza kulika na uchafu wake kuziba vifereji, hadi upande mmoja wa betri ukawa haupozwi kabisa. Alieleza na la kwake, kwamba aliona rangi imepauka na hakupima. Hakupandisha sauti, hakulia, hakumtupia mtu neno. Meneja aliuliza maswali mawili, akajibiwa yote mawili. Mzee alikuwa amekuja kuungama, na ajabu ya Mungu, akajikuta anatamani kikao kisiishe.

Lakini kiliisha. Binti angerudi kazini Jumatatu, na angepewa barua ya onyo kwa kuficha chupa. Mzee Shwari angeondolewa kwenye usukani siku hiyohiyo. Miezi minne iliyobaki angeimaliza karakana, kwenye usafi wa bamba, na siku ya kustaafu faili lake lingesema kilichotokea. Meneja aliyasema hayo akitazama kalamu yake. Mzee akasema ni haki.

"Lakini limebaki jambo," aliongeza. Alikuwa mkosaji, na mkosaji hupaswa kunyamaza, ila huyu hakunyamaza. "Ndugu mkaguzi, lile neno la kiti na mto ulilisema mbele ya mafundi. Lirudishe mbele ya mafundi."

Mkaguzi alitazama kadi. Kisha akasimama, akavaa koti, akatoka hadi karakana, na pale mbele ya mabasi mawili na mafundi tisa akasema kwamba kadi za fundi huyu zilikuwa sahihi na yeye alikosea. Alisema haraka haraka na kwa sauti ndogo. Lakini karakana ilinyamaza ili isikie, na ilisikia.

* * *

Jumatatu Mzee Shwari aliripoti kazini na ovaroli iliyopunguzwa miguu na mwanawe. Walikuwa wameondoka nyumbani pamoja, yeye mbele kama baba, mkwe nyuma kidogo kama mkwe. Walipovuka geti alisimama, akampisha binti apite mbele.

Ikawa taabu. Fundi Baridi hakuweza kumtuma. Alisema, "Baba, kama hutojali, labda ile ndoo." Alisema, "Baba, samahani, sijui kama unaweza." Akiona mzee anainama, anakimbilia kumsaidia. Kufika saa nne walikuwa wamesafisha bamba moja, na mafundi wengine walikuwa wanatazama kwa pembe ya jicho kuona itakuwaje.

"Sikiliza," mzee alimwambia. "Baba yako yuko nyumbani, anasikiliza redio. Hapa kuna msaidizi wako, tena mgeni, na hajui kitu. Ukimwonea haya atakuharibia basi jingine."

Binti akacheka kidogo kwa mara ya kwanza tangu wiki ile mbaya ianze, akasema sawa. Kazi ikaanza kwenda. Kabla ya mchana liliingia basi Saba, limetoka njiani, kitungi chake kinatakiwa kukaguliwa. Mzee alifungua kifuniko cha nyuma, akachungulia, na mkono wake, ule mkono wa miaka thelathini na moja, ukaenda wenyewe kwenye mfuniko wa kitungi.

"Acha!"

Sauti ilijaa karakana nzima. Spana ya mtu ilianguka. Fundi Baridi alikuwa amesimama hatua tatu nyuma, kidole amekinyoosha, na alimweleza mbele ya wote, bila baba na bila samahani, kwamba basi limetoka njiani, mfumo una joto na shinikizo, na angeufungua dawa ingemrukia usoni. Kitungi hakifunguliwi kabla hakijapoa, na hakifunguliwi bila yeye kusema. Mzee alirudisha mkono, akaurudisha na mwili wote.

Jioni aliketi kwenye kochi, akaanza kufungua kamba za viatu. Mkewe alikuja akasimama mbele yake, mikono kiunoni, akitaka habari.

"Leo mkweo amenifokea mbele ya karakana nzima," alisema.

Mkewe akakaa. "Amekufokea vipi?"

"Aliniambia acha."

"Na wewe?"

Mzee Shwari alivua kiatu cha kwanza, akakiweka sawasawa kando ya mguu. Hata siku alipokabidhiwa basi jipya mbele ya kampuni nzima, mkewe hakumwona na uso ule.

"Nikaacha," alisema.